Mizimu ya Mikindani: nani aisimulie, na kwa idhini ya nani?

Miji kadhaa ya kale duniani imegundua kwamba giza nalo lina soko. York, Uingereza, ina matembezi ya mizimu tangu mwaka 1973. Edinburgh huwashusha wageni kwenye vichochoro vya zamani vilivyozibwa na majengo ya juu yake. New Orleans na Savannah, Marekani, kila jioni utaona kundi la watu likimfuata kijana mwenye taa mkononi. Anasimama mbele ya nyumba, anashusha sauti, anaeleza nani alifia humo na wapi anaonekana usiku. Halafu wanasogea nyumba ya pili.

Sasa baadhi ya vijana wanaoongoza watalii Mtwara wanaulizana kama jambo hili lingewezekana Mikindani. Ni swali la maana, na mimi ni kati ya wanaotamani lifanikiwe. Ila kuna namna ya kulifanya ambayo ningeipinga hadharani.

Mikindani iko kilomita kama kumi tu kutoka Mtwara mjini, na mgeni anayefika kwa bajaji huwa hakai. Anapanda kuliangalia Boma la Wajerumani lililojengwa mwaka 1895, anapiga picha milango ya nakshi, anatazama kibao kwenye nyumba ambayo inasemekana Livingstone alifikia, anapita jengo linaloitwa Soko la Watumwa, kisha jua la saa nane linamfukuza. Ameacha nini pale mjini? Soda moja na nauli. Jioni ndiyo mji unapoamka: upepo wa ghuba unaingia vichochoroni, wazee wanatoka barazani, mama wa mihogo na samaki anawasha moto. Matembezi ya saa moja na nusu wakati huo hayahitaji jengo jipya wala mwekezaji. Yanahitaji mtu anayeijua mitaa, taa nzuri, na watu walio tayari kumpokea mgeni. Na mgeni akimaliza kutembea saa mbili usiku atakuwa na njaa, hilo halina ubishi.

Hoja ya pili ya wanaounga mkono inanigusa zaidi ya hii ya fedha. Simulizi za mji zinaondoka na wazee wake. Mtoto wa leo hakai tena kumsikiliza bibi akieleza kwa nini mbuyu fulani hakatwi, au kwa nini watoto huitwa ndani inapoadhiniwa magharibi. Ukimkusanya kijana darasani umwambie historia ya pwani, atasinzia. Ukimsimamisha gizani chini ya ukuta wa matumbawe ambao chokaa yake imebanduka mpaka boriti za mikoko zinaonekana, ukamwambia “nyumba hii ina habari yake,” atasikiliza mpaka mwisho. Hofu ni mwalimu mzuri, na watu wa kusini walilijua hilo zamani. Wamakonde wana midimu: mchezaji anatokea na kinyago usoni kama aliyetoka kwa wafu, watoto wanatimka, wanawake wanapiga vigelegele, wakubwa wanacheka, na wote wamepata funzo lililokusudiwa. Kwa hiyo anayesema kutishana kwa makusudi ni uzungu ulioletwa na watalii, hajakaa vya kutosha huku kwetu.

Lakini midimu hiyohiyo ndiyo inayotoa hoja kali upande wa pili. Ina wenyewe na ina wakati wake, ule wa jando na unyago. Si kila mtu anavaa kinyago, na anayekivaa ana wakubwa wa kumuuliza akivuka mpaka. Matembezi ya kibiashara kwa kawaida hayana mkubwa wa namna hiyo. Yana ushindani, na ushindani wa hadithi za kutisha huenda upande mmoja tu: ya leo lazima itishe kuliko ya jana.

Hapo ndipo Savannah inapotufaa kuliko York. Katika nyumba moja maarufu ya mji ule wageni walisimuliwa habari za Molly, mwanamke mtumwa aliyekuwa na uhusiano na bwana wa nyumba. Mke wa bwana alijirusha kutoka ghorofani, na baadaye Molly akakutwa amenyongwa. Mwanahistoria Tiya Miles aliisikia hadithi hiyo, ikamuuma, akaenda kumtafuta Molly kwenye kumbukumbu. Hakupata ushahidi kwamba mtu huyo alikuwapo. Watumwa wa kweli waliishi Savannah kwa maelfu, walikuwa na majina, na baadhi yao yameandikwa. Wao hawakuwekewa kituo. Aliyewekewa ni mtumwa wa kubuni, kwa sababu yeye anaweza kufanywa lolote ambalo mnunuzi wa tiketi analitaka.

New Orleans hali ni tofauti, na pengine inauma zaidi, kwa sababu kisa chenyewe ni cha kweli. Aprili 1834 moto uliwaka katika nyumba ya Delphine LaLaurie, mtaa wa Royal, na waliokwenda kuuzima wakawakuta watumwa waliofungwa minyororo na kuteswa. Leo ni kituo kinachopendwa mno cha matembezi ya usiku, na mateso yale yameongezwa chumvi kiasi kwamba msikilizaji hajui tena lipi lilitokea.

Mikindani ingeteleza kirahisi kwenye shimo hilohilo. Bandari hii ilikuwa mlango wa misafara kutoka upande wa Ziwa Nyasa. Kijana mwenye taa akisimama mbele ya Soko la Watumwa, kishawishi cha kusema “usiku wa manane minyororo inasikika” kitakuwa kikubwa, na wageni watamtunza kwa kusema hivyo. Mimi nasema asiseme. Anayo habari isiyohitaji mzimu. Mwaka 1866 Livingstone alishuka ghuba hii na ngamia na nyati wake, akaanza safari yake ya mwisho ya bara kufuata Ruvuma. Mwezi Juni, njiani, aliandika katika shajara yake kwamba walimpita mwanamke aliyekufa akiwa amefungwa shingo kwenye mti. Watu wa huko walimweleza sababu: alikuwa ameshindwa kwenda na wenzake, na bwana wake hakutaka awe mali ya mtu mwingine iwapo angepumzika na kupata nguvu.

Isome habari hiyo kwa sauti ya kawaida mbele ya jengo lile, usiku, bila kuongeza neno. Halafu nyamaza. Mwanamke yule hana jina katika maandishi, wala hakuna anayelijua kaburi lake. Kumgeuza kuwa kivuli kinacholia dirishani ili mtu apige kelele na kucheka ni kumchukua mara ya pili.

Kuna jingine ambalo mgeni halioni. Katika miji hii ya pwani, wajukuu wa aliyenunua na wajukuu wa aliyenunuliwa wanaswali msikiti mmoja na wameoana. Watu wamejifunza kuyabeba mambo hayo kwa kunyamaza kwa adabu. Mwongoza watalii akinyoosha kidole kwenye nyumba ya fulani na kutaja babu yake alikuwa nani, yeye atapokea posho yake alale, na wenye nyumba wataamka na maneno ya mtaani. Sisemi kunyamaza kuendelee milele. Nasema atakayeuvunja ukimya huo awe wa ukoo wenyewe, kwa hiari yake.

Upande wa dini, pingamizi ninayoisikia ni kwamba kushughulika na majini na mizimu ni kukaribisha shirki. Naiheshimu, ingawa naona inajibika kwa kiasi kikubwa. Kusikiliza kisa cha jini si kumwabudu, na masimulizi ya aina hiyo hayakuanza na watalii. Njia isipite makaburini, msafara usivuke mbele ya msikiti wakati wa swala, mavazi yawe ya staha, na ratiba ipangwe baina ya magharibi na isha au baada ya isha kabisa. Haya ni mambo ya kukaa kitako na imamu na mwenyekiti wa mtaa, yakaisha kwa kikao.

Lisiloisha kwa kikao ni uchawi. Nchi yetu imeua vikongwe kwa tuhuma za uchawi. Sheria ya Uchawi, ambayo ipo tangu mwaka 1928, inakataza kumtaja mtu kuwa mchawi. Fikiria sasa msimuliaji anayetafuta msisimko akiuonyesha mlango wenye bibi anayeishi peke yake, akisema humu wanafugwa ndondocha. Mtalii atasahau kabla hajafika uwanja wa ndege. Watoto waliokuwa wakifuata kundi nyuma hawatasahau. Hadithi ya uchawi wa mtu aliye hai, au wa nyumba inayokaliwa, isiwemo kabisa katika matembezi haya, hata kama ndiyo inayouza kuliko zote.

Kinachobaki ni kingi. Kilwa Kivinje, huko mkoa wa Lindi, kuna mahali panapoitwa Mwembe Kinyonga, ambako Wajerumani waliwanyonga waliowapinga, akiwamo Hassan bin Omari Makunganya mwaka 1895, mwaka uleule lilipojengwa Boma la Mikindani. Waswahili wa zama zile walikitungia mashairi kisa hicho. Usiku mmoja pale, mtu akighani beti chache kisha akaeleza nani aliyehukumu na kwa nini, ungemtia mgeni baridi ya mgongo kuliko jini lolote. Na visa vya majini vyenyewe visifukuzwe: mibuyu, visima, mashua iliyoonekana ghubani bila watu. Ila visimuliwe na mzee wa mtaa aliyevirithi, ameketi barazani kwake, kwa Kiswahili, na kijana atafsiri. Mzee alipwe kila jioni, mkononi, kabla ya mwenye kampuni. Akisema kisa fulani hakitolewi kwa wageni, kisitolewe.

Wenye shauku watanijibu kwamba matembezi ya namna hii yatakuwa mazito, hayatauzika. Inawezekana yakapata wateja wachache kuliko yale ya minyororo inayolia. Ndiyo maana ningeanza na wenyeji: wanafunzi wa vyuo vya Mtwara, wafanyakazi wa bandarini, familia zinazokuja Mikindani mwisho wa wiki, kwa bei ya sahani ya chakula. Hao wana bibi na babu wa kuwauliza, na msimuliaji akidanganya watamkatiza palepale. Mkondo ukishanyooka mbele yao, na wazee wa mtaa wakiukubali, tiketi za wageni wa nje zianze kuuzwa. Wazee wakiukataa, taa izimwe, na Boma liendelee kutembelewa mchana.