Papa, soko litajipanga

Mimi ni fundi wa nguo, Lubumbashi huku Kongo, mtaa tunaouita komini ya Kenya. Mkisikia Kenya msianze kuniuliza habari za Nairobi. Hii ni Kenya yetu, jirani ya Kamalondo, yenye soko, kelele na vumbi jekundu linaloingia mpaka kwenye chumvi.

Nakaa barazani na cherehani ya kukanyaga kwa mguu. Ile ya umeme iko pembeni, nimeifunika kitambaa cheupe kama maiti ya mtu mwenye heshima, kwa sababu umeme wetu ni kama mjomba wa Kolwezi: anakuja bila taarifa, anaondoka chakula kikiwa jikoni. Pasi yangu ni ya makala. Juzi imerusha cheche moja ikatoboa suruali ya mteja, mahali ambapo siwezi kupataja mbele za watoto. Nikamweleza kwa upole kwamba kosa si langu, ni la umeme uliokatika. Akaniambia umeme ukikatika haujawahi kumtoboa suruali. Nikalipa.

Jioni hiyo mwanangu wa kwanza, anayesomea uchumi pale Chuo Kikuu cha Lubumbashi, alinitazama ninavyohesabu hasara akasema: "Papa, hii shida yako ina jina. Inaitwa uliberali mamboleo."

Nikamwuliza dawa yake inauzwa wapi.

Akanieleza. Kwamba kuna watu walikaa wakakubaliana serikali ijitoe kwenye biashara, mashirika ya umma yauzwe au yakondeshwe, bei ziachiwe zitembee zenyewe, na kila mtu ajitafutie. Ukiacha hivyo, ushindani utashusha bei na mambo yatakaa sawa. "Papa, soko litajipanga lenyewe."

Sasa mwanangu, hayo ndiyo mmekwenda kuyasoma kwa pesa zangu? Kujitafutia? Kongo nzima inakijua kifungu cha 15: jitegemee. Hakimo katika katiba yoyote utakayoishika mkononi, lakini ndicho kifungu pekee kinachotekelezwa kutoka Banana baharini mpaka Kasumbalesa mpakani bila askari kusimama. Hao mabwana wa uchumi wangekuja kwetu kuchukua diploma.

Tuje kwenye ushindani, maana huo nimeuona kwa macho, hapa hapa barabarani kwetu.

Bomba letu lilikauka zamani. Limebaki la kufungia mbuzi. Basi jirani mmoja, tunamwita Papa Kisima, akachimba kisima, akaweka pampu na sahani za jua juu ya paa, akaanza kutuuzia maji: bidoni la lita 20 franki 200. Tulinung'unika lakini tulinunua, maana mtu haogi manung'uniko. Baada ya miezi, jirani wa pili, Papa Mashine, naye akachimba. Mwanangu akafurahi kama kapata mapacha. "Unaona Papa? Ushindani!"

Na kweli. Papa Mashine akafungua kwa 150. Papa Kisima akashuka 100. Papa Mashine akaongeza: ukinunua mabidoni matano, mtoto anakuchajia simu bure. Wiki hiyo tulioga kama watu wa Ulaya. Mke wangu alifua mpaka mapazia. Mimi mwenyewe nilimwagilia maji vumbi la mbele ya baraza, jambo ambalo baba yangu alinigombeza, akasema utajiri umenipanda kichwani.

Jumamosi nikawaona Papa Kisima na Papa Mashine wamekaa nyuma ya meza moja, chupa mbili za bia ya Simba katikati, wanacheka na kupigana mabega. Nikafikiri, lo, Mungu mkubwa, wamepatana. Jumatatu bidoni likawa 300. Kwa wote wawili. Na simu unalipia.

Nikamwita mwanangu nikamwonyesha vibao viwili vya chaki, bei moja, mwandiko mmoja. Nikamwambia: haya, soko limejipanga. Lilijipanga Jumamosi saa kumi na moja jioni, nililiona kwa macho, hata bili nasikia ililipwa nusu kwa nusu.

Akasema hiyo si soko huria, hiyo ni kasoro ya soko. Nikamwuliza, hao wanaofundisha, huwa wanakuja lini na hilo soko lisilo kasoro? Nipange foleni mapema.

Baba yangu alikuwa kimya chini ya mwembe, anasafisha meno kwa kijiti. Mzee huyu alifanya kazi Gécamines, shirika la madini la serikali, kwenye tanuru la shaba. Kwake yeye dunia iliumbwa na king'ora: kikilia asubuhi mji unaamka, kikilia tena mji unakula. Kampuni ilikuwa na hospitali, shule, na siku ya posho mama alikuwa akienda na mkokoteni: mfuko wa unga wa mahindi, maharage, samaki, mafuta. Mimi nilizaliwa kwa posho. Hizi mbavu mnazoziona ni mali ya shaba.

Basi mzee akatoa kijiti mdomoni, akamwuliza mjukuu wake, "Mwaka 1986 tulitoa shaba kiasi gani?"

Kijana akaangalia kwenye simu. Tani 476,000 hivi.

"Na siku hizi?"

Mwaka 2024 nchi ilipita tani milioni 3. Sisi ni wa pili duniani, Chile peke yake iko mbele.

Mzee akafunga jicho moja. Hakusoma sana lakini hesabu za mfuko anazijua. "Ni zaidi ya mara sita. Mimi nilipata mfuko mmoja kwa mwezi. Kwa hiyo huyu baba yako," akaninyooshea kijiti, "anapaswa kupokea mifuko sita. Iko wapi?"

Tukamtazama kijana. Jasho likamtoka.

Akaanza historia. Kwamba shirika lile lilikamuliwa miaka na wakubwa wa siku zile, mgodi wa Kamoto ukaporomoka 1990, wakopeshaji wakafunga mikono, na kufikia miaka ya 2000 mwanzoni lilikuwa halitoi hata sehemu ya kumi ya ile shaba ya 1986. Hapo ndipo ikaja sheria ya madini ya 2002, Benki ya Dunia ikisaidia kuiandika, ili wawekezaji wavutiwe kwa kodi nyepesi. Wakavutiwa. Walivutiwa sana! Mwaka 2018 ikabidi sheria irekebishwe, mrabaha wa kobalti, yaani malipo ya kampuni kwa serikali kwa madini hayo, ukapandishwa mpaka asilimia 10. "Kwa hiyo babu, faida yetu siku hizi inakuja kama mrabaha."

"Mrabaha," mzee akasema, akiutafuna kama muwa. "Unapikwa na sombe?"

Kuhusu kuondoka kwake kazini, mzee hapendi kuongea, kwa hiyo nitasema mimi, lakini chini chini. Mwaka 2003 na 2004 wafanyakazi 10,655 wa Gécamines waliondoka katika mpango uliolipiwa na Benki ya Dunia. Waliuita kuondoka kwa hiari. Baba alichukua pesa yake kwa mara moja akanunua basi dogo la mkono wa pili ili awe, kwa lugha ya siku hizi, mjasiriamali. Jirani wa kulia akanunua basi. Jirani wa kushoto, basi. Asubuhi ya kwanza wakajipanga barabarani wote, wameoga, wana kofia, wanapiga honi. Wakangoja abiria. Ikapita saa nzima ndipo mmoja akakumbuka kwamba abiria wa saa hiyo, wale waliokuwa wakijaa kila asubuhi kwenda kazini, walikuwa ni wao.

Basi lilidumu miezi minane. Kiti chake cha mbele ndicho nimekalia nikishona hapa. Kina chemchemi nzuri.

Na ule mlima mweusi wa masalia ya tanuru, chini ya lile bomba refu la moshi unaloliona ukiingia mjini? Baba na wenzake waliumwaga miaka na miaka, toroli kwa toroli, wakijua ni uchafu. Kumbe ndani mna kobalti. Ulipata mwekezaji tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000, ukajengewa na tanuru lake. Mzee akiupita huwa anauangalia kama mtu anavyomwangalia mke aliyemwacha, ambaye sasa ana gari.

Mimi sina uchungu. Nina deni tu. Nadaiwa unga na Mama Unga, anayepima kwa meka, kile chombo chetu cha kupimia unga, pale kona, na unga wetu mwingi unatoka Zambia, kwa hiyo mvua ikigoma Zambia, mimi napungua shingo huku Kenya. Sasa kijana alinifundisha jambo moja la maana katika masomo yake yote: kwamba Julai 2010 nchi yetu ilisamehewa deni, zaidi ya dola bilioni 12, baada ya kufuata masharti. Bilioni! Nikavaa shati safi nikaenda kwa Mama Unga.

Nikamwambia: "Mama, hata nchi kubwa husamehewa. Mimi ni meka kumi na moja tu."

Akaendelea kufuta meka yake. Akauliza: "Masharti yao yalikuwa nini?"

Nikasema: kubana matumizi.

"Vizuri," akasema. "Bia wiki hii umekunywa ngapi?"

Nikamwambia hilo ni suala la ndani, ni uhuru wa taifa. Akaniambia basi taifa lisubiri mpaka Jumatatu, na kuanzia leo unga ni pesa mkononi, na atatuma mtu wake aje kukagua nashona nguo ngapi kwa siku. Alimtuma kweli. Mtoto wa miaka tisa, ana daftari. Anakaa kwenye kigoda, anaandika. Nikiinuka kwenda msalani anaandika pia.

Ikafika mwisho wa Agosti. Huu ndio msimu wetu mafundi, watoto wote wa Kongo wanataka shati jeupe na suruali ya bluu kwa siku moja. Shule ya msingi ilitangazwa bure mwaka 2019, nami nashukuru, kwa sababu mtoto anayeingia bure bado haingii uchi. Shida yangu ni yule fundi wa ng'ambo ya barabara. Kila mwaka nikisema 12,000, yeye anasema 11,000. Nikisema 10,000, anasema 9,000 na kifungo cha akiba. Mwaka jana tulishona mpaka usiku, kwa mshumaa, kwa bei ambayo hata uzi ulikuwa unatuonea huruma.

Jumamosi nikavuka barabara. Nikamwambia, ndugu yangu, twende tukapate moja.

Tulikaa meza ile ile. Ilikuwa na bahati, nadhani.

Jumatatu nikaandika kibao: 15,000. Nikatazama ng'ambo. 15,000. Mwanangu akatoka ndani na kikombe chake cha chai, akasoma changu, akasoma cha kule, akanitazama muda mrefu bila kusema kitu. Mkaguzi wa miaka tisa akaandika kwenye daftari lake.

Saa nne Mama Unga mwenyewe akafika, watoto watatu nyuma yake, kanga imefungwa kwa hasira. "Papa Fundi, 15,000? Kwa nini?"

Nikakanyaga cherehani kidogo. "Mama," nikasema, "ni soko."

Akanyamaza, akalipa za watoto watatu, akaenda. Mchana nikampa mtoto pesa na bakuli akanunue unga, meka mbili. Akarudi na bakuli halijafika hata nusu.

"Papa," akasema, "Mama Unga amesema utaelewa."