Gurudumu la Kulia

Vani yetu ilianza kulia polepole, kwa adabu. Chini ya kilomita 40 kwa saa husikii kitu. Ukifika 60 kuna nyuki mmoja ndani ya chupa. Ukifika 80, yule nyuki amekwenda kuwaita ndugu zake. Kwa wiki tatu niliutibu ugonjwa huo kwa dawa niliyoimudu, yaani kuongeza sauti ya redio. Siku redio ilipofika mwisho na nyuki bado wanasikika, mke wangu aliizima, akanitazama, akasema, "Baba watoto, gari lina neno nawe."

Nilijua ni neno gani. Mwenye gari kuukuu hugeuka daktari bila kusomea. Mvumo unaopanda na mwendo wa gari, wala haujali umebadili gia au umekanyaga klachi, huo si wa injini. Ni tairi zilizolika vibaya au ni beringi ya gurudumu, yaani zile pete mbili za chuma, ya ndani na ya nje, zenye gololi katikati ili gurudumu lizunguke laini. Tairi zilikuwa bado mpya, basi ni beringi, tena ya nyuma, kwa kuwa kelele zilinijia kisogoni. Kilichobaki kilikuwa kujua ni ya upande upi, na hapo ndipo kuna kazi, maana nyuma ya vani tupu ni ngoma. Pigwe popote, inalia kote.

Nikamwomba mama watoto akae kule penye mizigo anisikilizie. (Sheria naijua, msinifundishe.) Akakaa juu ya tairi la akiba, akaegemeza mgongo kwenye kiti changu, akashika ukingo kwa mikono miwili. Barabara ilikuwa nyoofu na haina mtu. Nikakanyaga mafuta.

"Unasikia?"

"Nasikia!"

"Gurudumu lipi?"

"La kulia!"

"Najua ni la kulia, ndiyo maana tuko hapa! Lipi?"

"Si nimekwambia la kulia?"

"Yako mawili huko nyuma, mama! Linalolia ni lipi?"

"Mawili ndiyo! Moja la kushoto, na hilo linalolia ni la kulia! Wewe umevuta nini?"

Lugha yetu ni tamu, lakini waliokubaliana kwamba neno moja litoshe kwa mkono, kwa kilio na kwa sahani ya chakula hawakuwahi kutafuta beringi mbovu.

Tulipokwisha kuelewana, au tuseme tulipodhani tumeelewana, nikafanya jaribio langu mwenyewe la kitaalamu. Nikakata kona kulia, mvumo ukapanda. Nikakata kushoto, ukafifia mpaka nikasikia mashine ya kufuta kioo inavyokwaruza. Nikajiambia, gari limeelekea kulia, na kelele zimeelekea kulia. Mashahidi wawili wasiokaa pamoja, na ushahidi ni mmoja. Ningekuwa hakimu ningeshafunga faili.

Nyumbani nikaliinua gurudumu la kulia kwa jeki. Nikalishika juu na chini, nikalitikisa: halichezi. Nikalizungusha: kimya, laini, kama limepakwa siagi. Mtu mwenye akili hapo angejiuliza swali. Mimi nilikumbuka mtoto anayelia sikio usiku kucha, halafu mkifika kwa daktari anacheka na kuomba puto. Nikaliambia gurudumu, "Unajificha, lakini leo umenipata."

Jumamosi asubuhi nikaweka kabari kwenye magurudumu ya mbele, nikavuta breki ya mkono, nikang'oa kifuniko cha kati na kuikabili ile nati kubwa gari likiwa bado chini. Hiyo hukazwa kwa nguvu inayozidi kwa mbali ya nati za gurudumu, na haifunguki kwa kubembelezwa. Nikachomeka bomba la mita moja na nusu kwenye mpini wa spana. Nikasukuma, kimya. Nikapanda juu ya bomba, kimya. Nikarukaruka. Ya tatu nati iliachia, na bomba likaniachia mimi. Nilitua kwa makalio ndani ya karai la mafuta machafu, nikakaa humo muda mfupi, kwa kuwa sikuwa na haraka ya kujua suruali ilikuwaje.

Nikalipandisha gari, nikatoa tairi, nikaivuta drami, ile ngoma ya chuma ya breki. Haitoki. Kwenye gari hili drami na habu, yaani kitovu cha gurudumu, ni kitu kimoja, na beringi imeshindiliwa katikati yake, kwa hiyo nilitegemea ubishi kidogo. Nikaigonga kwa nyundo ya mpira, kisha kwa nyundo ya chuma, kisha kwa maneno. Nusu saa. Binti yangu wa miaka sita, aliyekuwa amekaa kwenye kiti cha dereva akiendesha kwenda anakojua yeye, akachungulia dirishani.

"Baba, hiki kijiti cha katikati kimesimama. Ndivyo kinavyokaa?"

Breki ya mkono. Nilikuwa nikipigana na brekshuu, zile zinazoishika drami kutoka ndani, nilizozibana mimi mwenyewe. Nikamwambia akishushe. Drami ikatoka kwa mkono mmoja. Binti akaniuliza kama sasa na yeye ni fundi. Nikasema ndiyo, maana ushahidi ulikuwepo.

Beringi ndani ya habu huzuiwa na pete ya chuma yenye masikio mawili, iliyokaa mferejini kwa mkazo kama mtego. Iko koleo maalumu ya kuitoa. Mimi nilikuwa na bisibisi mbili na imani. Nilibana sikio moja, nikabana la pili, nikasikia "ting!", na pete ikapotea duniani. Sikuona ilikopita. Niliona tu kuku wa jirani wakitawanyika ng'ambo ya ua.

Dakika mbili baadaye jirani akaingia, mzee aliyeendesha malori maisha yake yote, ameshika pete yangu kwa vidole viwili.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Kijana, pete nimeipokea. Lakini ungetaja na jina, maana mimi nina mabinti wanne."

Nikacheka, naye akacheka. Kisha akaitazama drami, akalitazama gari, akanitazama suruali kwa upande wa nyuma.

"Ni gurudumu lipi hili?"

"La kulia, mzee."

"Una hakika?"

"Nimepima mara mbili."

"Haya," akasema.

Wazee wana "haya" za aina nyingi. Hii haikuwa ya kukubali. Lakini nilikuwa na kazi, sikuisikiliza mpaka mwisho.

Kabla ya kuondoka aliniachia mambo mawili. Kwanza, beringi mpya ilale kwenye friza ili chuma kisinyae, na drami ipashwe moto ili itanuke, zipate kuingiana bila ugomvi. Pili, nikitaka kutumia pete ya nje ya beringi ya zamani kuisukumia mpya, na ndiyo inayofaa kwa kuwa kipenyo ni kilekile, niikate mfuo mmoja kwa grainda kwanza. "Usipoikata," akasema, "itaingia pamoja na mwenzake, na itakataa kutoka."

"Ndiyo, mzee," nikasema. Nililishika la kwanza.

Kuitoa ya zamani sitakuchosha nako. Nyundo, kipande cha bomba, na nusu ya pete ya ndani iliyobaki kwenye ekseli ikachanwa kwa grainda na kupasuliwa kwa tindo. Kilichonishughulisha ni uchunguzi wa maiti. Beringi iliyokufa huwa na vishimo kwenye njia ya gololi, grisi imekuwa nyeusi, pengine chuma kimebadilika rangi kwa joto. Nikaifuta ya kwangu, nikaipeleka kwenye mwanga. Njia iling'aa, ningeweza kunyolea ndevu. Grisi ilikuwa safi. Nikaenda kuchukua miwani. Baada ya dakika kumi nikaona mkwaruzo mmoja mdogo, nikapiga kelele za ushindi, nikamwita mke wangu aone. Akaangalia, akasema, "Hapo si ndipo ulipopiga tindo?" Nikamjibu kwamba mambo haya yana undani.

Usiku beringi mpya ikalala frizani, ndani ya mifuko miwili, kando ya trei ya barafu. Asubuhi nikaomba na oveni, ya kupashia drami.

"Friza nimekupa," mama watoto akasema. "Oveni, tutaonana mahakamani."

Basi nikatumia maji ya moto, nikaikausha haraka. Bolti ndefu ikapita katikati, vyuma bapa huku na huku, pete ya zamani juu ya mpya, nikaanza kukaza nati. Upande wa beringi wenye sumaku inayosomwa na ABS (mfumo wa breki unaozuia magurudumu yasigande) niliuelekeza ndani, inavyotakiwa. Naitaja kwa sababu ndiyo kazi pekee niliyoipatia mara ya kwanza. Beringi iliingia kwa unyenyekevu ambao sikuuzoea. Nikakaza, ikashuka. Nikakaza, ikafika mwisho. Nikafungua bolti nikitabasamu, na humo ndani ya habu, juu ya beringi mpya, ilikuwapo pete ya zamani, imezama, imetulia, kama aliyefika kwao.

Haikuwa na mfuo. Grainda ilikuwa palepale mezani.

Nikaivuta kwa koleo. Nikaishawishi kwa bisibisi. Ilikuwa imekalia mfereji wa ile pete yenye masikio, kwa hiyo bila kuitoa hakuna kufunga chochote. Wazo la haraka lilikuwa kugeuza drami na kuipiga beringi kutoka nyuma ili zitoke zote mbili. Lakini huko nyuma unachokifikia ni pete ya ndani. Ukiipiga hiyo, nguvu yote hupitia kwenye gololi, nazo huchimba vibonde njiani mwake, vidogo hata jicho halivioni, na beringi inaanza kuvuma kabla haijatembea kilomita moja. Wahandisi wameviita vibonde hivyo kwa jina la Brinell, Mswidi aliyeonyesha mwaka 1900 jinsi ya kupima ugumu wa chuma kwa kukibonyeza kwa gololi. Sikutaka kumpa Brinell kazi bure.

Ikabidi niweke kitambaa chenye grisi juu ya sili, kile kifuniko cha beringi, ili vumbi la chuma lisiingie, nichukue jiwe dogo la kusagia, nianze kuila ile pete punje kwa punje, nimepiga magoti. Saa mbili nzima. Nilipofika karibu na mwisho niliweka tindo mfuoni, nikagonga mara moja. Ta! Ikapasuka. Nikainua kichwa kwa furaha, na ng'ambo ya ua nikaona kofia ya mzee. Sijui alikuwa hapo tangu lini. Hakusema kitu. Kofia ikazama taratibu.

Jioni kila kitu kilikuwa mahali pake, nati mpya imekazwa kwa spana ya kipimo niliyoazima, breki zimerekebishwa. Familia nzima ikapanda. Nilizima redio kwa makusudi, kwa madaha. 40, kimya. 50, kimya. 60.

Vuuuuu.

Hakuna aliyezungumza. 80, ukoo mzima wa nyuki. Binti yangu akasema, "Baba, bado inalia," kana kwamba nilikuwa nikingoja taarifa.

Nikasimamisha gari, nikamgeukia mwenzangu. Nikamkumbusha kwa upole ambao haukuwa upole kwamba yeye ndiye aliyesema la kulia.

"Ndilo."

"Nimelibadilisha!"

Hakubishana. Alishuka, akafungua mlango wa nyuma, akapanda, akakaa juu ya tairi la akiba vilevile, mgongo kwenye kiti changu, uso kwenye mlango wa nyuma. Akanyoosha mkono wake wa kulia, mkono ambao hata mahakama ingeukubali kuwa ni wa kulia, na ule mkono ukaelekea gurudumu la kushoto la gari.

"Hili," akasema. "La kulia."

Bado nilikuwa na shahidi wangu wa pili. Tuliporudi nilimkuta mzee getini kwake, nikamweleza kwamba hata kona zilithibitisha: nikikata kulia, kelele zinapanda.

"Umewahi kupanda basi?" akaniuliza.

"Nimepanda, mzee."

"Dereva akikata kulia, wewe unamwangukia nani?"

Nikafikiri. Nikajiona nimekaa, basi linakata kulia, nami namlalia abiria wa... Nilifikiri muda mrefu kuliko swali lenyewe.

"Wa kushoto."

"Haya," akasema mzee.

Gari lilikaa ndani wiki nzima, maana beringi mbovu si kitu cha kukitania barabarani. Ili nisikosee tena, nilichukua chaki na kuandika juu ya tairi la kushoto, kwa herufi kubwa, jambo ambalo wakati ule niliona haliwezi kueleweka vibaya. Jumamosi nilitoka na jeki nikamkuta mzee ameshafika, mikono nyuma, ameinama mbele ya lile gurudumu la kushoto, anasoma nilichoandika:

LA KULIA.

Akainuka taratibu, akaenda kuangalia upande wa pili wa gari, akarudi.

"Kijana," akasema, "hebu leo jeki nishike mimi."