Msimsahau aliyetunza sampuli
Mwandishi wa makala hii kuhusu jinsi DNA ya ndugu ilivyomnasa Joseph DeAngelo, muuaji na mbakaji wa mfululizo wa California, ameieleza kesi hiyo vizuri, ila sifa zote amezipa kompyuta na miti ya nasaba (michoro ya koo). Mimi nampa pongezi aliyeitunza sampuli ya DNA ya muuaji kutoka mauaji ya mwaka 1980 huko Ventura, California, hadi ikafaa karibu miaka 40 baadaye. Bila hiyo, wapelelezi wangelinganisha DNA ya ndugu wa mbali wa DeAngelo na nini? Na hata walipopata jina hawakukimbilia pingu: walimfuatilia, wakachukua DNA kwenye mlango wa gari lake na kwenye tishu aliyoitupa, ndipo wakamkamata Aprili 2018. Kumbe ni polisi wa zamani, aliyefukuzwa kazi mwaka 1979 kwa kuiba nyundo dukani!

Wengi kwenye maoni hapa mnalalamika kwamba aliponea hukumu ya kifo. Ni kweli, Juni 2020 alikiri mauaji 13 kwa makubaliano kwamba asihukumiwe kifo. Lakini makubaliano yalimlazimisha pia akiri ubakaji mwingi ambao muda wa kuushtaki ulikuwa umepita kisheria. Wanawake aliowabaka wasingepata siku yao mahakamani kwa njia nyingine. Agosti walizungumza mbele yake siku tatu, naye ameketi kwenye kiti cha magurudumu, ingawa waendesha mashtaka walikuwa na video inayomwonyesha akipanda juu ya meza ndani ya seli. Kisha akapewa kifungo cha maisha bila msamaha. Alikuwa na miaka 74.