Faili lipotee ofisini, aumie mwalimu?

Nina jamaa wawili walimu, wameajiriwa 2012 kwa barua za tarehe moja, digrii sawa, wote wakaanzia TGTS D, daraja la mshahara la mwalimu wa digrii, ukipanda unaenda E kisha F. Leo mmoja anakula mshahara wa F, mwenzake yuko E na hata hiyo E kaipata juzi juzi tu. Kosa lake nini? 2018 alihama kumfuata mumewe halmashauri nyingine, yeye akafika faili likabaki. 2021 kupandishwa madaraja kulipofunguliwa baada ya ule ukame wa toka 2016 enzi za uhakiki wa watumishi, afisa utumishi akamwambia humu hakuna barua ya kuthibitishwa kazini, kwahiyo jina halikwenda kwenye orodha ya kupandishwa.

Sasa hiyo barua si mwajiri ndo aliitoa? Yani mwenye masjala, chumba cha mafaili, anamdai nakala yule aliyempa. Dada wa watu akapanda basi mpaka kituo cha zamani, akakuta mafaili yamefungwa kamba yamerundikwa mpaka dirishani, mhudumu anamwambia we tafuta tu mwalimu, siku ya pili ndo barua ikaonekana ndani ya faili la mtu mwingine wanayefanana majina mawili. Nauli yake, gesti yake, na ruhusa kaombea uongo kwamba anauguza.

Ila nisiwaonee maafisa utumishi. Walimu wa halmashauri nzima wanapita mikononi mwa watu wachache, na huu ukali wa makaratasi haukuanguka toka mbinguni, 2017 ilitoka ripoti ya watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi, baada ya pale nani apitishe jina lenye faili pungufu alafu aje kushikwa yeye? Na sisi watumishi wenyewe tuna yetu. Fomu za OPRAS za kupima utendaji watu walikuwa wanajaza usiku wa mwisho kwa kukopi malengo ya jirani, imekuja PEPMIS, upimaji wa mtandaoni, wanagombania mtandao siku ya kufunga.

Alafu kuna ikama, yaani idadi ya nafasi zilizoidhinishwa, na bajeti. Faili liwe safi kama sahani, kama nafasi haikutengewa hela hupandi. Na hapa ndo nina wasiwasi nao, maana kumwambia mtu "nyaraka zako hazijakamilika" ni rahisi kuliko kumwambia "hela haikutosha", la kwanza linamrudisha nyumbani akijilaumu.

Kiukweli mizani kwangu inalalia kwa mtumishi. Akizembea yeye anaumia, ofisi ikizembea anaumia yeye huyo huyo, sijaona masjala iliyokatwa mshahara. Na mfumo wa mishahara una check namba yake, ile namba ya utumishi, na tarehe ya ajira, mtu umemlipa mwezi kwa mwezi miaka tisa bado unauliza kama alithibitishwa? Pitisha jina, barua kaitafute mwenyewe uliyeipoteza.

Watasema kuna mserereko. Sawa, umewasaidia wengi, ila mserereko unakusogeza tu ulingane na wenzako, ile tofauti ya mshahara ya miaka uliyoachwa nyuma huioni, na mchango wako wa pensheni PSSSF muda wote ule ulikuwa unakatwa kwenye mshahara mdogo.

Huyo dada siku hizi ana bahasha ya kaki, kila barua kopi tatu. Mumewe kapata uhamisho tena mwezi huu, ye kasema safari hii atamtembelea likizo.