Faru wa Ruaha watoke kusini, na maji yatangulie

Mgeni akitoka Hifadhi ya Ruaha huuliza mbona hakuona faru. Hakuwaona kwa sababu hawapo. Majangili waliwamaliza miaka ya 1970 na 1980, enzi ambayo pembe ilikuwa ikienda Yemen kutengenezewa mipini ya majambia na Asia ya Mashariki kusagwa kuwa dawa. Afrika nzima faru weusi waliporomoka kutoka wapatao 65,000 mwaka 1970 hadi takriban 2,400 katikati ya miaka ya 1990. Leo wamevuka 6,000, na watu wa Iringa na Mbeya wana haki ya kuuliza fungu lao liko wapi. Ila tuulize vizuri. "Tuleteeni faru" bado si hoja, maana faru hawafanani.

Faru weusi wa Ngorongoro, Serengeti na Mkomazi ni nususpishi, yaani tawi la spishi, ya mashariki, iitwayo michaeli. Wale wanne walioletwa Mkomazi mwaka 1997 walitoka Addo, Afrika Kusini, lakini ukoo wao ni wa Kenya. Wazee wao walihamishiwa Addo mwanzoni mwa miaka ya 1960. Wa Ruaha na Selous walikuwa minor, nususpishi moja na wale wa Zambia, Malawi na Zimbabwe. Kuchota wa Mkomazi na kuwamwaga Ruaha kwa sababu hawa ni wa hapa hapa nchini ni kuchanganya koo mbili ambazo zimekaa mbali tangu enzi na enzi. Tumeshaona nususpishi inavyopotea. Faru mweusi wa magharibi, ambaye ngome yake ya mwisho ilikuwa Cameroon, alitangazwa kutoweka mwaka 2011. Faru mweupe wa kaskazini amebakiwa na majike wawili, Najin na binti yake Fatu, huko Ol Pejeta nchini Kenya, tangu dume aliyeitwa Sudan afe Machi 2018. Wataalamu wametengeneza maabarani viinitete zaidi ya 30 kwa mayai ya Fatu, na bado lazima majike wa nususpishi ya kusini ndio wabebe mimba hizo.

Faru weupe wa kusini, wale wapole wanaopigwa picha kirahisi, nao si jibu. Ruaha haijawahi kuwa kwao.

Jibu liko ng'ambo ya Tunduma. Zambia ilitangaziwa mwaka 1998 kwamba haina tena faru mweusi hata mmoja. Mwaka 2003 ikapokea watano kutoka Afrika Kusini, ikawaweka North Luangwa ndani ya uzio, na kufikia 2010 ilikuwa imeshaletewa 25 kwa awamu. Malawi, ukivuka Kasumulu, ilipokea 17 kwa mkupuo mwaka 2019 na kuwapeleka Liwonde. North Luangwa ni nchi ya miombo na mbung'o kama ya kwetu, na hilo la mbung'o ndilo linalosahaulika. Faru aliyekulia pasipo mbung'o, ukimhamisha huku amechoka na safari, vimelea vya nagana humlaza haraka. Mfugaji wa Mbarali anaujua ugonjwa huo kwa ng'ombe wake. Bora aje aliyekwisha kuumwa na mbung'o tangu utotoni. Ikishindikana, akae kwanza bomani, damu ipimwe mara kwa mara, azoee kuumwa kidogo kidogo.

Halafu maji. Julai 2018 Kenya ilihamishia faru 11 Tsavo Mashariki na wote wakafa. Visima virefu walivyochimbiwa vilikuwa na chumvi nyingi; mnyama alikunywa, kiu ikazidi, akanywa tena. Wa mwisho, akiwa tayari hoi, alivamiwa na simba. Mwaka huo huo, kati ya sita waliopelekwa Zakouma nchini Chad, wanne walikufa wakiwa wamekonda. Sasa tazameni Ruaha Mkuu: tangu 1993 mto huo hukatika kabisa kiangazi, na madimbwi yanayobaki yanagombewa na tembo, viboko na simba. Sababu kubwa iko juu yake, Usangu, kwenye mpunga. Sioni haki kumtupia mkulima mzigo wote, lakini mfereji usio na lango la kufunga, unaoendelea kumwaga maji shambani baada ya mavuno, hauna utetezi. Malango hayo yafungwe kwanza. Na kila kisima kitakachochimbwa kwa ajili ya faru kipimwe chumvi mwishoni mwa kiangazi, si masika wakati kila maji ni matamu.

Idadi nayo ina masharti. Wahifadhi hushauri kuanza na wasiopungua 20 wasio ndugu. Jike hubeba mimba miezi 15 au zaidi, huzaa ndama mmoja, na hukaa miaka miwili na nusu hadi mitatu, pengine zaidi, kabla ya mwingine. Kundi likikua asilimia 5 kwa mwaka, ambalo ni lengo zuri, 20 watafika 40 baada ya miaka 14. Mwanzoni ongezeko hilo ni mnyama mmoja tu kwa mwaka. Risasi moja ya jangili inalifuta.

Ndiyo maana ningeanza na wafuatiliaji nyayo kutoka vijiji vya Idodi na Tungamalenga, waajiriwe na kufundishwa kabla mnyama hajafika. Wajue, kwa mfano, kuwa vijiti kwenye kinyesi cha faru mweusi vimekatwa mshazari, safi kama kwa mkasi, wakati vya tembo vimesagika nyuzinyuzi. Mitambo peke yake haitoshi. Kola ya shingoni haikai, kwa kuwa shingo ya faru ni nene na kichwa kimechongoka, huchomoka. Kwa hiyo hutobolewa pembe, kifaa cha mawimbi kikazibwa ndani. Pembe hukua sentimita kadhaa kwa mwaka, kifaa kinapanda nayo, betri inaisha, na faru inabidi apigwe tena dawa ya usingizi, na daktari na helikopta vilipiwe upya. Gharama hiyo haionekani siku ya kupokea makreti uwanja wa ndege, na ndiyo ningependa kuisikia ikitajwa kwanza.