Ofisi ya michezo impokee aliyeshika kasia

Jioni, ukisimama upande wa Muhumba, ufukweni hapa Bukavu, utaona mitumbwi ya kuvua sambaza, samaki wadogo wa Ziwa Kivu, inatoka. Inakwenda mitatu mitatu, imefungwa pamoja kwa miti mirefu inayochomoza kama pembe, na wapiga makasia wanaimba. Ule wimbo ni kazi. Ndio unaowapa mapigo, maana mmoja akiwahi, wote wanayumba. Nimekua nikiusikia hapa Bukavu, na siku hizi kila nikiusikia nawafikiria viongozi wa michezo yetu. Ni wangapi kati yao wamewahi kuchubuka viganja?

Nauliza kwa sababu kuna mama mmoja ambaye habari zake nimezifuata kwa miaka mingi, Anita DeFrantz wa Marekani. Alizaliwa Philadelphia mwaka 1952, na hakulelewa kwenye makasia. Alikuwa mwanafunzi wa chuo, Connecticut, siku alipoona chombo chembamba kirefu kimewekwa nje, akamwuliza mtu aliyekuwa pale ni kitu gani. Yule mtu alikuwa kocha. Akamwambia huo ni mchezo wa makasia, na kwamba utamfaa. Mwaka 1976 alikuwa kwenye Olimpiki ya Montreal, kwenye mtumbwi wa watu wanane, wakachukua shaba nyuma ya Ujerumani Mashariki na Umoja wa Kisovieti.

Mwaka huo ndio wanawake walikubaliwa kwa mara ya kwanza kupiga makasia kwenye Olimpiki. Na hata walipokubaliwa, walipewa mita 1,000, wakati wanaume walikuwa wakienda 2,000. Wanawake walingoja hadi Seoul, 1988, kupata umbali ule ule. Mtu asiyepiga makasia ataona ni jambo dogo. Aliyepiga anajua kwamba ukimkatia mtu safari nusu, umeshamwambia unamwonaje.

Kisha ikaja 1980. Serikali ya Marekani ilitaka timu yake isiende kwenye Olimpiki ya Moscow kwa sababu jeshi la Kisovieti lilikuwa limeingia Afghanistan. DeFrantz alikuwa amejiandaa kwa mashindano hayo, na tayari alikuwa mwanasheria. Akasimama mbele ya wanamichezo wenzake, wakaishtaki kamati ya Olimpiki ya nchi yao wenyewe. Walishindwa. Hapa lazima niseme kwamba mimi kama Mwafrika nina kigugumizi kidogo. Kule Montreal, nchi zaidi ya 20 za bara letu ziliondoka kwa sababu New Zealand iliruhusiwa kucheza ilhali timu yake ya raga ilikuwa imekwenda kucheza Afrika Kusini ya ubaguzi wa rangi. Mgomo ule nauheshimu hadi leo. Lakini ninachokiona kwa mama huyu ni kwamba alikataa wanamichezo waamuliwe mambo yao bila kuulizwa, akakubali kuchukiwa nyumbani kwao kwa ajili hiyo.

Mwaka 1986 akaingia Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, na 1997 akawa mwanamke wa kwanza kuwa makamu wa rais wake. Mwaka 2001 akagombea urais wenyewe, akashindwa mapema. Ilipofika Machi 2025 ndipo kiti hicho kikaenda kwa mwanamke, Kirsty Coventry wa Zimbabwe, naye bingwa wa kuogelea. Nilifurahi kama tumefunga goli. Mwafrika, mwanamke, na mtu aliyetoka ndani ya maji!

Lakini vyeo sivyo vinavyonivuta zaidi. Michezo ya Los Angeles ya 1984 iliacha faida, na sehemu ya faida hiyo ikawekwa kwenye mfuko wa kusaidia michezo ya vijana wa kusini mwa California. DeFrantz aliuongoza kuanzia 1987 hadi 2015. Miaka 28! Kazi yenyewe ni vifaa, makocha, viwanja, watoto wa mitaa ambayo haina kitu. Hakuna anayepigiwa vigelegele kwa kazi ya namna hiyo. Huifanya mtu anayekumbuka kwamba yeye mwenyewe aliingia kwenye mchezo kwa sababu tu alikuta chombo kimewekwa nje, na mtu akamjibu vizuri alipouliza.

Sisi chombo tunacho. Ziwa Kivu liko mlangoni, halina mamba, na watoto wa kisiwa cha Idjwi wanajua kasia kabla ya kujua kalamu. Binti wa shangazi yangu alikuwa mmoja wao. Tukiwa vijana tuliandaa mashindano ya mitumbwi, tukaenda kuomba kibali kwenye ofisi fulani. Bwana aliyetupokea alitaka ada kwanza. Halafu akasoma orodha ya majina, akafika kwa dada huyu, akachora mstari. Wasichana, akasema, hawamo. Tulimweleza kwamba yeye ndiye mwenye kasi kuliko sisi wote. Hakuinua hata macho. Mashindano hayakufanyika, maana wenzetu wa Idjwi waliposikia walikataa kuja bila yeye.

Simlaumu yule bwana kwa roho mbaya. Alikuwa hajui tu. Hakuwahi kukaa nyuma ya mtu anayevuta maji vizuri, aone mtumbwi unavyonyanyuka. Angekaa mara moja, ule mstari usingechorwa.

Na ujinga huo una gharama kubwa kuliko mashindano. Oktoba 2024 meli ilizama ziwani humu karibu na Kituku, Goma, watu wakiitazama kutoka ufukweni. Mchezo wa makasia huanza na kuogelea na boya, na kujua chombo kinabeba watu wangapi. Mji wenye klabu hai za majini unakuwa na vijana mia wanaojua kumtoa mtu majini na kumkatalia nahodha anayejaza kupita kiasi. Nasema hivi nikiwa na uchungu, kwa sababu safari hizo za ziwani ni zetu sote, na barabara zetu mbovu mnazijua.

Kwa hiyo ombi langu ni hili: kwenye kila kamati ya michezo ya mkoa, viti visivyopungua nusu viwe vya waliocheza, na kati yao wawemo wanawake waliocheza. Wasomi wa kuandika dosye, yaani majalada, tutawapata. Wale wanaojua pigo la kasia ndio tunaowaacha nje.

Dada yangu yule sasa anauza sambaza sokoni Nyawera. Wiki iliyopita nilimwambia kwamba nafasi ikitangazwa nitapeleka jina lake. Aliendelea kupima sambaza za mteja, akamaliza, ndipo akaniuliza mikutano hufanyika saa ngapi, maana asubuhi hawezi kuacha meza.