Anayemdai marehemu aje kwetu

Wiki mbili zilizopita tulimzika ami yangu huko Wete, Pemba. Kabla jeneza halijainuliwa, mwanawe mkubwa alisimama akasema maneno tunayoyajua sote: mwenye kumdai marehemu aje kwetu. Hakuna aliyeona ajabu. Mirathi haigawiwi mpaka deni lilipwe.

Usiku wa tatu, barazani, kijana mmoja akatuonesha kwenye simu picha za Onkalo, lile handaki la Ufini la kuzikia taka za nyuklia. "Hawa wamelificha tu tatizo lao," akasema, "wamelizika ili liwatokee watakaokuja." Wenzake wakaitikia. Nilinyamaza kwa heshima ya msiba, lakini nilirudi nyumbani nimekereka, na hadi leo nimekereka. Kauli hiyo imekaa kichwa chini miguu juu. Watu wanaohangaika kulipa deni lao wenyewe wangali hai ndio tunaowaita wafichaji!

Umeme wa nyuklia siupendi, nalisema wazi. Lakini taka zake zipo tayari, maelfu kwa maelfu ya tani, na zitabaki hata vinu vyote vikizimwa kesho. Plutoni iliyomo, ambayo ni sumu yenye mionzi, ikipita miaka 24,000, nusu yake bado ipo. Na sehemu kubwa ya fueli iliyotumika, yaani ile iliyokwisha kazi vinuni, iko juu ya ardhi, ama kwenye mabwawa ya maji ya kuipoza yanayotaka pampu na umeme, ama kwenye mapipa mazito yaliyosimamishwa uwanjani. Mpango huo unamtegemea mlinzi. Awepo leo, awepo mjukuu wake, mshahara ulipwe, umeme usikatike, nchi iwe na amani. Machi 2011, tsunami ilipozima umeme kwenye kituo cha nyuklia cha Fukushima, Japani, watu walikesha wakihofia bwawa la kinu namba 4 lisije likakauka. Machi 2022 kituo cha nyuklia cha Zaporizhzhia, Ukraine, kikubwa kuliko vyote Ulaya, kilitekwa vitani, na mapipa yake ya fueli iliyotumika yapo pale pale uwanjani. Nani aliyepanga mabwawa na mapipa hayo aliyeiona vita hiyo inakuja?

Wafini nao walikuwa na njia nyepesi. Fueli iliyotumika ya kituo chao cha Loviisa ilikuwa ikipelekwa Urusi mpaka 1996. Wakajifungia mlango huo wenyewe: sheria yao ya 1994 inataka taka ya nyuklia ya Ufini imalizikie Ufini, na ya wengine isiingie. Wanaozalisha umeme huo wanatia fedha kila mara kwenye mfuko wa serikali, ili siku ya kuzika isisemwe kuwa hakuna fungu. Halmashauri ya Eurajoki, ambako Onkalo ipo, ilikuwa na haki ya kukataa. Mwaka 2000 ikakubali. Bunge likapitisha mwaka uliofuata, kura 159 kwa 3. Uchimbaji ukaanza 2004.

Huko chini, zaidi ya mita 400, upo mwamba wa miaka kama bilioni 1.9. Fueli inatiwa kwenye mitungi ya shaba, mtungi unazungushiwa udongo wa bentonaiti, ambao ukipata maji huvimba ukaziba kila upenyo, kisha njia inafukiwa. Baada ya hapo pampu haihitajiki, wala zamu ya usiku.

Sisi tunaoishi juu ya matumbawe tunajua mwamba unaovuja ni nini. Kwa mama yangu, upande wa maweni, kisima kilichonywewa na vizazi vitatu kiliharibika kwa sababu karo la choo lilichimbwa jirani. Kwetu mtu asithubutu hata kuota kuzika kitu kama hiki.

Nakubali, si kila kuzika ni kulipa. Wajerumani walitupa mapipa kama 126,000 ya taka za nyuklia kwenye mgodi wa zamani wa chumvi wa Asse, kuanzia 1967 mpaka 1978. Maji yakaingia, na sasa sheria yao inataka mapipa hayo yatolewe. Na wataalamu bado wanabishana juu ya shaba kuliwa na kutu. Wabishane, tena kwa sauti.

Lakini anayeniambia tuziache juu, zilindwe, mpaka kizazi kingine kipate maarifa zaidi, namuuliza: ulinzi wa nani? Nenda msikiti wa Kizimkazi Dimbani, Unguja. Maandishi yaliyozunguka mihrabu yana mwaka 500 wa Hijria, yaani 1107. Watu wanasali mbele yake kila siku, lakini ukiwauliza pameandikwa nini, wangapi watakusomea herufi zile za Kufi, mwandiko wa kale wa Kiarabu? Hiyo ni miaka mia tisa, mahali ambapo dini ni ile ile na sala ni ile ile. Taka hizi zinataka hesabu ya miaka laki moja. Mimi sijui kijiji, serikali wala ufalme wa kumpa kazi hiyo. Jiwe nalijua. Jiwe halihitaji kukumbuka.

Na sihitaji kwenda mbali mpaka Kizimkazi. Tulipofungua kasha la ami tulikuta karatasi ya baba yake, yaani babu yangu, Kiswahili kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu. Wajukuu tulikuwa kumi na moja chumbani, wenye shahada wamo, na hakuna aliyeweza kusoma mstari mmoja. Ilibidi tumwite mzee wa jirani, akaisogeza dirishani, akasoma polepole. Ilikuwa orodha ya madeni ya karafuu. Jina la kwanza lilikuwa la mtu wa Konde. Binamu yangu alikwenda huko Alhamisi na bahasha, akawatafuta watoto wa yule bwana mpaka akawapata.

Mistari miwili ya chini imeliwa na mchwa. Mzee aliigeuza karatasi huku na huku, akasema jina lipo, ila halisomeki.